Supakompyuta za zamani zilipataje spidi? Mbona chipu zao zilikuwa za kawaida tu

Muha_wa_Ujiji

Wakuu kwema? Naomba mnitoe ushamba kidogo. Kazini tumebishana mpaka chai imepoa, mwenzangu anasema supakompyuta ya kwanza duniani ni ENIAC ya 1946 kwa sababu ilijaza chumba kizima na ilikuwa na tani 30, mimi nikamwambia ukubwa sio kigezo, ninavyojua ni ile ya Cray yenye umbo kama kochi la duara. Sasa nilivyoanza kuisoma ndo nimechanganyikiwa kabisa. Cray-1 ya 1976 ilikuwa na megahezi 80 tu na memori ya megabaiti 8, simu yangu hii ya laki na nusu inaipita kwa mbali sana, na hata chipu zenyewe Seymour Cray, mhandisi aliyeiunda, alikuwa ananunua kwa watengenezaji wengine, sio kwamba alikuwa na kiwanda chake cha siri. Sasa kwa nini yeye ndo apate spidi na makampuni makubwa yenye hela yashindwe? Na lile umbo la herufi C ni urembo au lina kazi? Wajuzi karibuni, wa siasa jukwaa lenu liko kule.

Chapati_Moto

Nimekaa siti ya mbele na kahawa yangu. Wakifika wajuzi mniamshe.

Fundi_Koili

Mkuu Muha umeuliza penyewe. Ngoja nianzie na hilo umbo maana watu wengi wanadhani jamaa alikuwa anapamba ofisi za watu.

Umeme una mbio lakini mbio zake zina kikomo. Kwenye nanosekunde moja hata mwanga wenyewe unakwenda kama sentimita 30 tu, na ishara ndani ya waya inakwenda pungufu ya hapo. Cray-1 mdundo mmoja wa saa yake ya ndani ulikuwa nanosekunde 12.5, ndo hizo megahezi 80 unazozidharau. Sasa piga hesabu, ukiwa na waya wa mita tatu unaotoka kabati hili kwenda kabati lile, mdundo mzima unaisha ishara bado iko njiani, prosesa imekaa inasubiri. Kwa hiyo Seymour Cray akaweka sharti, hamna waya unaozidi futi nne, kama mita 1.2 hivi. Ukipanga makabati kwenye mstari hilo sharti hulitimizi hata ufanyeje, ila ukiyapinda yawe duara upande wa ndani yanakaribiana, waya zote unazipitisha huko ndani, na ule uwazi wa C unabaki kuwa njia ya fundi. Zile siti za kuzunguka chini ambazo kila mtu anapiga nazo picha, chini yake mna pawasaplai.

Na waya zilifungwa kwa mkono. Kule Chippewa Falls, Wisconsin, mji mdogo aliozaliwa Cray, wanawake walikuwa wanakaa wanachomeka maelfu kwa maelfu ya waya nyuma ya zile bodi na kila mmoja umekatwa kwa urefu wake, maana shida sio ufupi peke yake, ishara mbili zinazotakiwa kukutana sehemu moja lazima zifike pamoja, kwa hiyo ikibidi ile yenye njia fupi inaongezewa urefu makusudi ili isiwahi. Mimi kazi yangu ni kusuka mota, nikiona picha ya ule msitu wa waya najiuliza walikuwa wanatafutaje kosa mle ndani.

Sasa ukishabananisha vitu namna hiyo joto halina pa kwenda. Mashine inakula kama kilowati 115 na eneo lenyewe unalizunguka kwa hatua chache, feni hapo utachemsha chai. Wakapitisha Freon, ile ile ya friji. Kila bodi mbili zimebana bamba la shaba katikati, shaba inavuta joto inalipeleka pembeni kwenye nguzo za aluminiamu, ndani ya nguzo ndo Freon inapita. Mwanzoni aluminiamu ilikuwa inavujisha, mafuta yaliyomo kwenye mfumo yanapenya yanalowesha bodi, hawakutoka hapo mpaka walipoweka bomba la chuma cha pua ndani ya aluminiamu. Aliyekuwa anasimamia kupoza ni mhandisi Dean Roush, na kwa maoni yangu mimi huyo mzee alistahili kutajwa sana kuliko anavyotajwa. Bila yeye zile chipu zingeungua siku ya kwanza.

Kwa hiyo swali lako la kwa nini yeye, chipu wote walikuwa nazo ndio. Kuzipanga karibu hivyo bila kuungua ndo wengi hawakuweza.

Muha_wa_Ujiji

Daah Fundi Koili umeshusha nondo. Kwa hiyo ni mambo ya friji na waya! Sasa hiyo ndo ya kwanza au kuna nyingine kabla? Na bado sijaelewa, megahezi 80 zinatoaje hesabu milioni 160 kwa sekunde, maana ndo namba nimeiona kila sehemu.

Mwalimu_wa_Hesabu

Nimechelewa, nilikuwa nasahihisha mitihani. Fundi kamaliza upande wa waya, mimi nichukue upande wa hesabu.

Ya kwanza kuitwa supakompyuta na wengi wakakubaliana ni CDC 6600 ya mwaka 1964, na ni huyo huyo Cray, akiwa bado ameajiriwa kampuni ya Control Data. Aliwaomba mabosi wamjengee maabara Chippewa Falls, mbali na makao makuu, ili vikao visimfuate. Wakamjengea. Sasa ilipotangazwa 1963, bosi wa IBM, Thomas Watson mdogo, akawaandikia watu wake barua ambayo mpaka leo inasomwa, anauliza inakuwaje maabara yenye watu 34 pamoja na mfagizi, wahandisi 14 tu, inatupita sisi na jeshi letu lote. Cray alipoisikia akasema mzee kajijibu mwenyewe. Hii story naipenda mno, nawasimulia wanafunzi wangu kila mwaka.

6600 ilikuwa na transista kama laki nne, za silikoni, wakati wengi walikuwa bado kwenye jemaniamu. Lakini ujanja wake mkubwa ni kugawa kazi. Prosesa ya kati haigusi printa, haigusi tepu, haigusi kadi, hayo yote yanafanywa na prosesa ndogo 10 za pembeni, yenyewe inapiga hesabu tu. Na ndani yake kuna vitengo 10 vinavyofanya kazi kwa pamoja, huyu anajumlisha, wale wawili wanazidisha, yule anagawanya, na kuna saketi moja inaangalia nani yuko huru na nani anasubiri jibu la nani. Ikawa inafika hesabu za desimali kama milioni 3 kwa sekunde, mara tatu ya mashine ya IBM iliyokuwa inaongoza, Stretch. CERN, kile kituo cha utafiti wa fizikia kule Geneva, wakanunua ya kwao mwaka uliofuata.

IBM nao wakatangaza mashine ya kushindana nayo wakati bado haipo, wateja wakawa wanasubiri badala ya kununua 6600. Control Data wakawapeleka mahakamani 1968, kesi ikamalizwa kwa makubaliano 1973 na IBM wakatoka pale wameachia kampuni yao moja nzima. Hiyo ni biashara, tuiache.

Sasa hesabu ya 160. Chukua orodha mbili za namba 64, unataka kuzijumlisha moja moja. Mashine ya kawaida inasoma amri, inaleta namba, inajumlisha, inaweka jibu, inarudia hivyo mara 64, na muda mwingi unaishia kwenye kusoma amri ile ile na kufuata namba kwenye memori. Cray-1 ina rejista 8 za vekta, yaani visanduku ndani ya prosesa vya kushika orodha ya namba, kila moja inabeba namba 64 kwa mpigo. Unatoa amri moja tu, jumlisha hizi zote na zile zote, namba zinaingia zimefuatana na ikishaanza kila mdundo linatoka jibu moja. Na jibu likitoka kwenye kujumlisha halirudi kwenye memori kwanza, linaingia moja kwa moja kwenye kuzidisha. Kwa hiyo kila mdundo mna hesabu mbili zinakamilika, na midundo ni milioni 80 kwa sekunde. 80 mara 2.

Vekta hakuanza yeye. Control Data walikuwa na STAR-100 kabla yake, ila ile ilikuwa inavuta namba kutoka memori na kuzirudisha memori, kwa hiyo kuianzisha tu kulichukua muda, orodha ikiwa fupi unapata hasara. Na hesabu za kawaida zisizo na orodha ilikuwa inazikokota. Programu halisi zina mchanganyiko, sehemu ya polepole ndo inakuchelewesha wewe nzima hata kama ile nyingine inaruka. Cray akahakikisha mashine yake ina spidi pote pawili. Wenyewe walitegemea watauza labda dazeni moja, wakauza zaidi ya 80.

Mzee_wa_Posta

Vijana hamjambo. Nimesoma yote mliyoandika na nimefurahi, ila naona ENIAC mmeiruka na huyo mwenzake Muha kazini kwao mnamwonea.

Mwaka 1946 hakuna mtu aliyekuwa na kitu chenye spidi kama ile. Ilijengwa Chuo Kikuu cha Pennsylvania na John Mauchly na Presper Eckert, valvu kama 18,000, zile taa za kioo zilizofanya kazi kabla ya transista, inajumlisha mara 5,000 kwa sekunde, kazi yake ilikuwa ni kupiga majedwali ya mizinga ya jeshi la Marekani. Mimi nilianza kazi Posta na Simu valvu bado zipo, nawaambia valvu moja tu inaweza kukusumbua wiki nzima, sasa mtu anasema ataziweka 18,000 kwenye mashine moja na zote zifanye kazi, wataalamu walimcheka. Eckert alichofanya, aliziendesha kwa umeme wa chini kuliko kiwango chake ili zisichoke, na mashine ikawa haizimwi ovyo kwa sababu valvu nyingi zinakufa pale unapowasha na kuzima. Fundi yeyote wa redio za zamani analijua hilo.

Na programu haikuandikwa, ilichomekwa. Unahamisha kebo na kugeuza swichi, siku kadhaa kwa tatizo moja. Waliofanya hiyo kazi ni wanawake sita, akina Kay McNulty, Betty Jennings, Betty Snyder, Marlyn Wescoff, Fran Bilas na Ruth Lichterman, walipewa michoro tu wakaambiwa mtajua wenyewe inavyofanya kazi. Siku ya kuionyesha kwa waandishi wa habari watu wakapiga picha na mashine, hao kina mama hakuna aliyewatambulisha.

Kabla yake kuna Colossus ya Uingereza. Hii nina upendeleo nayo nakiri, maana aliyeijenga ni mtu wa Posta mwenzangu, Tommy Flowers, mhandisi wa simu. Ilianza kazi mapema 1944 kule Bletchley Park, kusaidia kufungua maandishi ya siri ya makamanda wa Hitler yaliyokuwa yanapitia mashine ya Lorenz. Ilisoma tepu ya karatasi herufi 5,000 kwa sekunde. Vita inaisha zipo kumi, nyingi zikavunjwa na wote wakaapishwa wasiseme, ndo maana dunia haikujua mpaka miaka ya 70. Flowers baada ya vita akaenda kuomba mkopo benki kuu ya kwao ajenge mashine kama ile, wakamnyima, wakaona kitu kama hicho hakiwezi kufanya kazi. Naye hawezi kuwaambia kwamba ameshakijenga!

Ila Colossus ilikuwa ya kazi moja hiyo ya siri. Na zote mbili hizi hazikuwa zinahifadhi programu kwenye memori yake kama zinavyofanya za leo, hilo lilianza Manchester, Juni 1948, kamashine kadogo kalikoitwa Baby.

Mkitaka kujua safari ilivyokwenda angalieni hali ya hewa. Mwaka 1950 ENIAC ilitumika kujaribu kutabiri hali ya hewa ya saa 24 mbele, ikachukua karibu saa 24 zenyewe kupiga hiyo hesabu. Yaani utabiri unatoka na kesho nayo imefika. Kituo cha Ulaya cha utabiri pale Reading walipopata Cray-1 mwishoni mwa miaka ya 70, utabiri wa siku 10 ulichukua kama saa tano.

Hapa kwetu kompyuta ya kwanza ilifungwa Wizara ya Fedha 1965, na 1974 serikali ikapiga marufuku kuziingiza nchini. Nisiendelee, nitaambiwa naleta siasa.

Chapati_Moto

Shikamoo mzee. Hii ya benki imenichekesha na kunikera kwa pamoja 😂

Tz_Kijana_Mweledi

Mbona mnasifia wazungu tu hapa? Aliyetengeneza supakompyuta yenye spidi kuliko zote ni Mwafrika mwenzetu Philip Emeagwali wa Nigeria na ndiye baba wa intaneti, 1989, iko wazi ila haifundishwi shuleni. Semeni ukweli wakuu.

Mwalimu_wa_Hesabu

Mweledi usikasirike ndugu yangu, Emeagwali ana lake na ni kubwa, tulitaje kama lilivyo. Mwaka 1989 alipata tuzo ya Gordon Bell, ya kazi za supakompyuta, kwenye kundi la hesabu nyingi kwa gharama ndogo, kwa kazi ya kupima mafuta yanavyotembea ardhini. Alitumia Connection Machine yenye prosesa ndogo 65,536. Mashine yenyewe iliundwa na kampuni ya Thinking Machines, yeye alichofanya ni kuipangia hesabu ngumu ikakubali kugawanyika kwenye prosesa zote hizo, na wanaojua hiyo kazi wanajua jasho lake. Intaneti hapana, ARPANET, mtandao uliozaa intaneti, ilishawashwa tangu 1969 na ina watu wake wengi tu.

Lakini umenifungulia mlango mzuri maana hapo ndo Cray aliposhindwa. Anasifika kwa kuuliza, ukitaka kulima shamba utachukua maksai wawili wenye nguvu au kuku 1024? Yeye aliamini maksai mpaka mwisho. Na miaka ya mwanzo alikuwa na haki ya kuwacheka wenye kuku. Chuo Kikuu cha Illinois walianza mradi wa ILLIAC IV, ulipangwa uwe na prosesa 256, hela ikakata zikajengwa 64, wanafunzi wakaandamana chuoni kwa sababu ni mradi wa jeshi na vita ya Vietnam ilikuwa imepamba moto, mashine ikapelekwa NASA California 1972 na ikachukua miaka mingine kabla haijatulia ikafanya kazi ya maana.

Kilichogeuza mambo ni bei. Prosesa ndogo za kompyuta za mezani zilizidi kuwa rahisi na kali kila mwaka, wakati Cray anahangaika na Cray-3 kwa chipu za galiamu asenidi badala ya silikoni, ghali na ngumu kutengeneza. Kampuni yake ikafilisika 1995. Mwaka uliofuata akapata ajali ya gari Colorado na akafariki, Oktoba 1996. Desemba mwaka huo huo ASCI Red ya Intel, maelfu ya prosesa za familia ya Pentium, ikavuka hesabu trilioni moja kwa sekunde. Hao ndo kuku.

Na 1994 Thomas Sterling na Donald Becker wa NASA walishaunganisha kompyuta 16 za kawaida za 486 kwa kebo za neti wakaweka Linux, mfumo endeshi wa bure, wakaita Beowulf. Leo supakompyuta zote 500 zinazoongoza duniani zinaendeshwa na Linux. Mtu mwenye maabara ya shule yenye mashine chakavu anaweza kujifunzia hiyo kitu, mimi nina mpango huo nikipata swichi.

Fundi_Koili

Mwalimu nakubali ila usimzike mzee mapema. Ndani ya kila chipu ya leo mna vekta, hata kwenye simu ya Muha, na hizo kadi za picha zinazogombaniwa kwa ajili ya AI kazi yake ni ile ile, amri moja namba nyingi. Na joto halikwenda popote, Frontier ya Marekani iliyovuka hesabu kwintilioni moja kwa sekunde 2022 inapozwa kwa maji yanayopita kwenye mabomba. Kuku ni wengi lakini wanaogeshwa na Dean Roush.

Muha_wa_Ujiji

Nimewaelewa wakuu, Mzee wa Posta asante sana kwa heshima yako. Mwenzangu nimemtumia uzi wote, anasema ENIAC bado ni ya kwanza na tani zake hazijajibiwa. Hivi hizi Cray-1 bado zipo za kuziona kwa macho au zilishakuwa skrepa?

Dada_wa_Munich

Zipo. Iko moja hapa Munich, Deutsches Museum, na jengo hilo hilo wana Z3 ya Konrad Zuse iliyojengwa upya, yule Mjerumani aliyetengeneza kompyuta ya relei (swichi za umeme) Berlin 1941 kabla ya hao wote mliowataja, ya kwanza iliungua kwa mabomu ya vita. London nayo ipo Science Museum, na California pale Mountain View. Mkuu Muha ikifika zamu yako ya kuja niambie, ila mwenzako mwambie hiyo Cray ina tani kama tano na nusu, asije akaikataa mlangoni.

Muha_wa_Ujiji

😂😂 Hiyo namtumia sasa hivi.